Kivuli Kilichoomba Udhuru

Ifahamike kwa watu wote, walio hai, waliotangulia na walio vivuli, kwamba leo hii Mahakama Kuu, kwa uwezo iliopewa na Katiba na baada ya uvumilivu wake kwisha kabisa, imeliita mbele yake Baraza la Rufaa za Utawala, ili lijieleze kwa nini rufaa zilizokatwa watoto wakiwa wananyonya hazijaamuliwa hadi watoto hao wananyoa ndevu. Kila mtu asimame. Kila mtu anyamaze. Haki imeamka.

"Na mwenye mbuzi aliyefungwa kwenye nguzo ya bendera," kiliendelea kipaza sauti kilichokuwa kikielea juu ya vichwa vya watu, kwa sauti ileile ya heshima, "aje amwondoe. Amemaliza kamba, sasa ameanza bendera."

Watu walisimama. Haikujulikana waliosimama kwa ajili ya Haki walikuwa wangapi na waliosimama wapate kumwona mbuzi walikuwa wangapi.

Gwakisa Mwaisumo, kijana wa kidato cha tano, alisimama pamoja nao. Alikuwa amefunga tai ya shule vizuri, jambo ambalo mwalimu wake wa nidhamu angelilipia kiingilio kulishuhudia. Mvua ya Tukuyu ilikuwa ikinyesha tangu alfajiri na ukumbi mzima ulinuka makoti mabichi. Kati ya watu wote waliokuwa mle ndani, yeye peke yake alitamani Haki irudi kulala.

Jaji Shemdoe aliingia, mwanamke mfupi ambaye miwani yake ilining'inia shingoni kwa uzi wa kufumia. Alikaa, akavaa miwani, akatazama majalada, kisha akamtazama Katibu wa Baraza, Bwana Kasyupa, kama mtu anayetazama sufuria iliyoungua.

"Rufaa ya kwanza," alisema. "Subilaga Mwaisumo, kwa niaba yake na ya kaya ishirini za Ibungu-Juu, dhidi ya Mamlaka ya Makazi Salama. Mtambo wa Mamlaka ulitabiri kwamba mlima utaporomoka mwaka uleule, watu wakahamishwa, mama huyu akakata rufaa. Miaka tisa sasa. Mlima umeporomoka?"

"Bado, Mheshimiwa," alisema Bwana Kasyupa.

"Na Baraza limeamua nini?"

"Bado, Mheshimiwa."

"Naona mnashindana na mlima."

Watu walicheka. Gwakisa naye alicheka, kwa sababu asiyecheka huonekana.

Bwana Kasyupa alijikohoza. Alikuwa mtu mpole, mwenye suti kubwa kuliko yeye. "Mheshimiwa Jaji, kwa miaka sita ya mwanzo nakiri Baraza lilikuwa likijipanga. Tulikuwa na upungufu wa viti. Lakini miaka mitatu hii, kosa si letu. Kila tukilitaja shauri, mrufani mwenyewe huomba liahirishwe."

"Mrufani alifariki mwaka uliofuata baada ya kukata rufaa. Imeandikwa hapa."

"Namaanisha kivuli chake, Mheshimiwa."

Kila familia iliyokuwa mle ilikuwa na kivuli chake, au ilimjua mwenye nacho. Sheria ilikuwa imetungwa kwa nia njema, na waliowahi kuishi chini ya sheria za nia njema wanajua maana yake. Wabunge waliona kwamba rufaa huchukua muda mrefu hadi mashahidi wanasahau au wanakufa. Badala ya kuharakisha rufaa, wakaamua kuhifadhi mashahidi. Siku ya kukata rufaa mtu alikaa kwenye kiti, akavalishwa kofia ya waya, na mtambo ukachukua nakala ya kumbukumbu zake, sauti yake na namna yake ya kufikiri. Nakala hiyo ndiyo kivuli. Ililala kwenye ghala la Baraza, ikaamshwa kila shauri lilipotajwa, ikajibu, ikalazwa tena. Siku hukumu inapotoka, kivuli huzimwa moja kwa moja. Kazi yake imekwisha, na umeme hautolewi bure.

"Kivuli kimeomba kuahirisha kwa sababu gani?" aliuliza Jaji.

"Mara ya kwanza kilikuwa na malaria, Mheshimiwa. Ya pili, tumbo la kuendesha."

Jaji alivua miwani. "Kivuli kina tumbo?"

"Kanuni inasema mrufani mgonjwa apewe nafasi ya kupona. Haisemi kivuli hakiugui. Tuliogopa kuonekana hatuna utu." Aligeuza kurasa haraka. "Kisha jino. Kisha harusi. Kisha tumbo tena, lile lile. Na mara hii ya mwisho, msiba. Mrufani alifiwa na mdogo wake wa kuzaliwa, aitwaye Tusekile. Tulituma salamu za rambirambi."

Kwenye safu ya tatu mwanamke mwenye kitenge cha kijani na mwavuli uliovunjika ubavu aliinuka polepole.

"Tusekile ni mimi," alisema.

Gwakisa, aliyekuwa ameketi pembeni yake, alianza kuzichunguza kamba za viatu vyake kwa umakini ambao hakuwahi kuuonyesha darasani.

"Rambirambi zilikufikia?" Jaji aliuliza.

"Hapana, Mheshimiwa. Labda wamezipeleka makaburini."

"Kaa, mama. Ni wewe uliyefungua maombi haya Mahakama Kuu?"

"Ni mimi na majirani. Tumechoka kusubiri."

Jaji aliandika kitu, akaweka kalamu chini. "Amri ni hii. Baada ya mapumziko nitakisikia kivuli hiki hapa, kwa masikio yangu. Kikiwa tayari kutoa ushahidi, Baraza zima litakaa pale kwenye lile benchi, litasikiliza, na litaamua leo, mbele yangu. Hakuna udhuru. Na nikimgundua mtu anayechezea sauti ya mrufani, hatalala kwake."

*

Mama mdogo Tusekile alitandaza kanga kwenye kibaraza cha mahakama, akatoa ndizi za kuchoma na chupa ya chai. Mwavuli aliuweka wazi mbele yao kuzuia manyunyu, lakini ule ubavu uliovunjika uliyaelekeza moja kwa moja kwenye goti la Gwakisa.

"Kula. Shuleni kwenu mnashindia maharage yenye wadudu."

"Siku hizi wadudu wamepungua. Maharage pia."

Hakucheka. Alikuwa akitazama bonde. Ng'ambo, nyuma ya ukungu, ulikuwapo mlima ambao haukuporomoka, na chini yake kuta za nyumba ishirini zilizofungwa utepe wa njano. Upande wa huku wa mto ndiko kulikokuwa na kambi: nyumba za kupuliza, za mpira wa kijivu, zilizoletwa kwa msimu mmoja wa mvua. Kila asubuhi mama mdogo aliipiga nyumba yake pampu kwa mguu. Siku aliyochelewa kuamka, dari ilishuka ikamlalia usoni kama mgeni asiye na adabu. Alikwisha kuiziba matundu kwa viraka vya baiskeli hadi ukuta wa kusini ukawa viraka vitupu.

"Unajua nitafanya nini siku nikirudi kwangu?" alisema. "Nitaegemea ukuta. Basi. Nitaketi chini, niegemeze mgongo, na ukuta usirudi nyuma. Miaka tisa sijaegemea kitu nyumbani kwangu."

Gwakisa aliitafuna ndizi hadi ikakosa ladha.

"We Gwakisa."

"Naam, mama mdogo."

"Wewe ndiye msindikizaji. Wewe ndiye unayekaa naye kwenye kile kibanda. Dada yangu alikuzaa asubuhi, na kesho yake jioni alikuwa shambani anachuma chai, mwenye shamba akamfukuza arudi kwa mtoto. Mtu huyo ndiye wa kuomba ruhusa kwa sababu ya tumbo?"

"Pengine ni hitilafu ya mtambo."

"Mtambo ndio ulioniua mimi?"

"Mitambo inachanganya majina."

Alimtazama kwa muda. Gwakisa aliupa uso wake ule utulivu aliokuwa akiutumia kila mwalimu wa zamu alipotafuta nani ameweka chura kwenye kabati la chaki. Ulikuwa utulivu mzuri, uliofanyiwa mazoezi. Mama mdogo alimmiminia chai nyingine, na hilo lilimuuma kuliko kama angemzaba kibao.

Maana ukweli ni kwamba Gwakisa Mwaisumo alikuwa na kipaji. Alikuwa anaiga sauti. Aliwahi kuwapa wanafunzi mapumziko ya siku mbili kwa sauti ya mkuu wa shule, kupitia spika ya shule, na mkuu wa shule mwenyewe alikuwa amefika stendi na begi lake kabla hajajiuliza ni nani aliyemruhusu. Kwenye paredi ya asubuhi alikuwa mtu wa maana zaidi. Shuleni kwao mwalimu aliita jina la ukoo kwanza, na aliyeitwa alipaswa kujibu "nipo", bweni lake na namba ya kitanda chake, kabla mwalimu hajavuta pumzi. Aliyechelewa alikwenda kusugua vyoo. Gwakisa alikuwa akiitikia kwa niaba ya wavulana watatu kwa mpigo, sauti tatu, mabweni matatu, bila kukosea kitanda cha mtu.

Alipotimiza miaka kumi na minne alifanywa msindikizaji wa kivuli cha mama yake. Alipewa kinasa sauti cha kubandika kwenye kola, chenye vitufe viwili: cha kwanza cha kumweleza mrufani mambo yaliyotokea baada ya yeye kurekodiwa; cha pili cha kumnyamazisha kwa muda, ili familia ishauriane. Mtengenezaji alikuwa amebana matumizi, kwa hiyo sauti ya kivuli na sauti ya msindikizaji zote zilitokea kwenye spika moja. Kanuni zilimpa msindikizaji muda wa kuzungumza na mrufani faraghani kabla shauri halijatajwa, muda wa kikombe cha chai kupoa.

Siku ile ya kwanza alikuwa amekaa na mama yake muda wa kikombe kizima. Kisha karani akaita shauri, na mama akajiandaa kusema yuko tayari, na Gwakisa akapiga hesabu iliyokuwa mbele yake. Akiwa tayari, atasikilizwa. Akisikilizwa, itatoka hukumu. Ikitoka hukumu, atazimwa. Kidole kilikwenda kwenye kitufe cha pili chenyewe. Sauti ya mama ikatoka kwenye spika, laini, yenye ile r ya Tukuyu inayoelekea kuwa l: samahani, nina malaria.

Karani akasema, pole sana, mama. Wakapanga tarehe nyingine. Na tarehe nyingine ilikuwa na kikombe kingine cha chai.

*

Kibanda cha msindikizaji kilikuwa chumba kidogo cha mbao upande wa kulia wa meza ya Jaji, chenye mlango wa nyuma. Ukiwa umeketi, waliokuwa ukumbini waliona uso wako tu. Mbele kulikuwa na kioo kirefu, na ndani ya kioo umbo la mwanga, kama mtu aliyesimama nyuma ya pazia la dirisha. Uso haukuonekana. Bega la kushoto lilikuwa limeinuka kidogo kuliko la kulia, kwa sababu ndilo la kubebea kikapu cha chai.

"Umerefuka tena," lilisema umbo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Juzi ulikuwa unanifika kifuani, jana begani, leo mlango umeinama. Mnakula nini huko?"

Kwake ilikuwa kweli juzi na jana. Kivuli hakihesabu muda wa usingizi. Miaka tisa yake ilikuwa kama mchana mmoja uliokatwakatwa, na katika kila kipande mtoto aliingia akiwa mkubwa zaidi.

"Maharage," alisema Gwakisa.

"Na mdogo wangu?"

"Yupo nje. Mzima."

"Nafurahi kusikia ni mzima," alisema mama, na kulikuwa na kitu katika namna alivyolisema ambacho Gwakisa hakukipata vizuri, kama mtu anayeweka kijiko mezani taratibu mno. "Na mimi mwenyewe? Mimi wa huko nje. Mbona siji kamwe?"

Aliuliza hivyo kila mara. Kila mara Gwakisa alikuwa na jibu. "Una kazi nyingi. Msimu wa chai."

"Siku zote msimu wa chai."

"Mwaka huu imestawi."

Nje ya mlango makarani walikuwa wakivuta mabenchi, wajumbe wa Baraza wakitafuta viti, na safari hii viti vilikuwapo.

"Gwakisa, leo mahali hapa pana sauti nyingi. Ni wapi?"

"Mahakama Kuu. Jaji anataka Baraza liamue leo."

"Leo leo?"

"Ndiyo."

"Basi vizuri. Nilikata rufaa kwa sababu hakuna hata mtu mmoja wa Mamlaka aliyekuja kukanyaga ile ardhi kabla ya kututoa. Nataka kuwaambia hivyo, na kuwaambia kuhusu kila nyumba. Nina maneno yangu. Nimeyashika muda mrefu." Umbo lilimgeukia. "Wewe huna la kuniambia kabla hatujaingia?"

Alikuwa nalo. Mama, ulikufa. Mama, mama mdogo anapiga nyumba pampu kwa mguu, na ni kwa sababu yangu. Mama, ukizungumza leo, kesho sitakuwa na pa kukuona.

Aliitazama taa ya wito iliyokuwa juu ya mlango, ikiwaka nyekundu. Mara moja tu, alijiambia. Udhuru mmoja mzito, usiopingika. Jaji angeahirisha hata wiki moja. Wiki moja ni kikombe kimoja.

"Hapana, mama," alisema. "Sina."

"Haya," alisema mama. "Tuingie."

*

Gwakisa alikuwa na leso. Aliishika mdomoni, kama kijana aliyezidiwa na huzuni, na mama mmoja wa kambini alimwonea huruma hadi akafuta macho yake mwenyewe. Nyuma ya leso midomo ilikuwa huru. Kidole gumba kilikuwa juu ya kitufe cha pili. Udhuru alikuwa amekwisha kuuchagua: kupoteza kumbukumbu. Shahidi asiyekumbuka hawezi kuhojiwa, na daktari wa vivuli alikuwa mmoja tu, naye yuko Dodoma.

Wajumbe saba wa Baraza waliketi kwenye benchi kama wanafunzi waliokutwa nje ya uzio. Mama mdogo alikuwa amesogea hadi safu ya mbele.

Jaji Shemdoe alifunika jalada. "Kabla ya ushahidi nataka kujua ninazungumza na nani. Karani, zima kipaza kinachoelea. Nitaita mwenyewe."

Gwakisa alibonyeza kitufe. Mwanga wa umbo ulififia kidogo, ishara kwamba mama amenyamazishwa. Akavuta pumzi, akaipanga sauti kooni, laini, yenye ile r ya Tukuyu. Samahani, Mheshimiwa, sikumbuki kitu. Maneno yalikuwa tayari.

Jaji alivaa miwani, akanyoosha mgongo, na akaita. Hakuita kama karani wa Baraza, anayebembeleza. Aliita kwa ile sauti kavu, fupi, ya asubuhi yenye baridi na mstari ulionyooka.

"Mwaisumo, Subilaga."

"Nipo, Kiwira kumi na tisa," ilijibu spika.

Ilikuwa sauti ya mama, safi, bila dosari. Haikuwa imekawia hata kidogo. Mwalimu yeyote wa zamu angeridhika.

Ukumbi haukuelewa. Bwana Kasyupa alifungua jalada kutafuta kama Kiwira kumi na tisa ni namba ya kiwanja. Wajumbe wa Baraza walitazamana. Gwakisa aliganda, leso mdomoni.

Jaji Shemdoe hakutazama kioo. Alitazama uso uliojitokeza juu ya mbao za kibanda.

"Kitanda cha chini au cha juu?" aliuliza.

"Cha juu, Mheshimiwa," ilijibu spika, kwa utii, kabla Gwakisa hajajua kwamba amefungua mdomo.

"Mimi nilikuwa wa chini," alisema Jaji. "Miaka sita. Vumbi la godoro la wa juu lilinidondokea machoni kila alipojigeuza, kwa hiyo watu wa vitanda vya juu nawafahamu." Alivua miwani. "Kijana. Shusha leso. Toa kidole kwenye hicho kitufe. Usikiguse tena."

Gwakisa alitoa kidole. Umbo liling'aa.

"Mheshimiwa Jaji," alisema mama, na sasa wote waliokuwa mle waliweza kusikia tofauti, ingawa hawangeweza kusema ni ipi. Labda uchovu, labda umri. "Mimi ndiye Subilaga Mwaisumo. Au ndicho kilichobaki chake."

"Unajua kilichokuwa kikifanyika?"

"Kile kitufe huniziba mdomo. Masikio hakijawahi kuyaziba."

Gwakisa alizihesabu kichwani. Mara zote. Malaria, tumbo, jino, harusi. Mara zote mama alikuwa amesimama pale nyuma ya pazia lake, akijisikia akiumwa.

"Siku ya kwanza nilikasirika," alisema mama. "Karani alisema 'marehemu', kwa bahati mbaya, halafu mwanangu akasema nina malaria. Nikafahamu yote mawili kwa pamoja. Nilitaka kumwambia mara ya pili. Lakini mara ya pili aliingia amepata sauti ya kiume, na nikataka kusikia itakuwaje. Mara ya tatu alikuwa na chunusi. Nikasema, nimwache kidogo. Alipomzika Tusekile nikajua amepita kiasi. Leo nilimuuliza kama ana la kuniambia." Akageukia meza ya Jaji. "Kwa hiyo kama kuna kosa, Mheshimiwa, tuligawana. Mimi ndiye mtu mzima."

Mama mdogo Tusekile alikuwa amesimama. Hakuna aliyemwambia akae. Mwavuli wake ulidondosha maji kwenye sakafu ya mahakama, tone baada ya tone.

"Dada," aliliambia umbo.

"Tusekile. Bado unapiga kelele ukipiga miayo?"

"Bado." Alifuta pua kwa ncha ya kitenge, akageuka kwenye kibanda. Gwakisa alisubiri. Angependelea kibao, mbele ya wajumbe wote saba. "Wewe," alisema mama mdogo. "Shati limetoka. Chomekea."

Alichomekea.

Jaji alikuwa ameegemea kiti chake. Sauti yake haikulainika, lakini ilipunguza mwendo. "Bibi Subilaga, Baraza likiamua leo, sheria inataka uzimwe leo. Sheria hiyo sikuitunga na siwezi kuifuta nikiwa nimekaa hapa. Ninachoweza ni hiki: hakuna kanuni inayomwekea shahidi mipaka ya maneno. Utazungumza hadi utakapomaliza. Uko tayari, au unataka kuahirisha? Nakuuliza wewe."

"Niko tayari," alisema mama. "Nina nyumba ishirini za kueleza, moja moja, na watu waliozijenga. Waambie hao wa benchi waagize chai."

"Karani," alisema Jaji, "agiza chai." Kisha akageukia kibanda. "Lakini hatuanzi na kumbukumbu chafu. Humu mmeandikwa udhuru wa mrufani, na kila mmoja una saini ya Baraza hili lenye utu. Msindikizaji atoke, asimame mahali anapoonekana, aseme kwa sauti aliyopewa na Mungu."

Gwakisa alitoka. Sakafu kati ya kibanda na meza ilikuwa fupi, lakini aliivuka kama uwanja wa paredi, watu wa Ibungu-Juu wote wakimtazama: watu waliomwandikia salamu za mtihani, waliomtumia karanga shuleni, walioamka asubuhi ile wakapiga nyumba zao pampu kabla ya kuja. Aliwahi kuzungumza kwa sauti ya mkuu wa shule mbele ya wanafunzi wote bila kutetemeka. Sasa alitafuta yake, na iliyotoka ilikuwa nyembamba kuliko alivyotarajia.

"Mwaisumo, Gwakisa," alisema. "Nipo."

"Endelea."

"Malaria ilikuwa mimi, Mheshimiwa. Tumbo lilikuwa mimi, mara zote mbili. Jino mimi. Harusi haikuwapo. Mama mdogo, nilikuzika, samahani. Nilijua ukuta wako unavuja, nilijua tangu likizo ya kwanza, na nikarudi shuleni, na shauri lilipotajwa nikaomba tena udhuru." Nyuma yake, ndani ya kioo, kitu kilijisogeza, kama mtu anayejiegemeza aone vizuri zaidi. "Hakuna aliyeumwa. Nilitaka tu aniulize tena kwa nini nimerefuka."